Nyumba yangu inapigwa mnada kwa deni la mpwa wangu. Niende baraza gani?

Barua hii ilitufikia Ijumaa, siku 10 kabla ya mnada. Mshauri alizungumza na mwandishi kwa simu, na jibu akapelekewa jioni ileile. Tunavichapisha vyote viwili kwa ruhusa yake, tukiwa tumebadilisha mambo machache asitambulike.

Ndugu mshauri, salaam.

Mimi ni mwalimu mstaafu, nina miaka 66, naishi Chuno hapa Mtwara mjini. Nimeshika chaki miaka 34. Msingi wa nyumba yangu niliuchimba nikiwa kazini, bati nikaja kupaua kwa kiinua mgongo. Sina mali nyingine ya kuitaja.

Jumatatu ya wiki hii nimetoka msikitini baada ya alasiri, nikakuta vijana wawili wanabandika karatasi kwenye mlango wangu. Tangazo la mnada. Nyumba itauzwa baada ya siku 14. Nilikuwa sijamaliza kulisoma, jirani keshalipiga picha na kulirusha kwenye grupu la mtaa.

Deni si langu. Mwaka juzi mpwa wangu, mtoto wa dada yangu anayeishi Nanyamba, alikuja na habari ya duka la pembejeo. Auze salfa, auze mabomba ya kupulizia mikorosho. Benki ilitaka dhamana ya nyumba yenye hati, na katika ukoo wetu nyumba yenye hati ni hii moja. Sisi Wamakonde, mtoto wa dada akishasema "mjomba", amemaliza maneno. Mimi ndiye niliyesimamia jando lake, na ada ya sekondari nililipa mimi. Nikasaini. Mkopo ulikuwa milioni 40.

Duka lilifunguliwa kweli, hilo namshuhudia. Lakini fedha nyingi aliziingiza kwenye kangomba: anawapa watu hela wakati wa njaa, wao wamlipe korosho msimu ukifika, kwa kipimo chake yeye. Msimu ulipofika wengi walipeleka korosho zao AMCOS, chama cha ushirika cha wakulima, yeye akabaki na daftari la majina. Angemshtaki nani, wakati biashara yenyewe imepigwa marufuku? Marejesho alilipa miezi 9. Tangu Machi simu yake haipatikani. Inasemekana amevuka Ruvuma, yuko Msumbiji.

Benki inadai milioni 36 na ushei. Mthamini wao wenyewe alisema nyumba ni milioni 90.

Malalamiko yangu ni haya. Sikupewa notisi yoyote. Afisa mikopo alinipigia mara mbili kuuliza mpwa wangu yuko wapi, lakini karatasi sijashika. Halafu hesabu: mtu amelipa miezi 9, deni limekataaje kushuka? Nilipoomba taarifa ya mkopo niliambiwa, "Mzee, mkopaji si wewe."

Sasa kila mtu ana baraza lake. Mwenyekiti wa mtaa anasema nianzie baraza la kata. Mwanangu aliye Dar es Salaam anasema nisipoteze muda, niende Mahakama Kuu, tena ile ya Biashara, kwa kuwa nagombana na benki. Mwalimu mwenzangu anasema mahakama ya wilaya, yeye kesi yake ya mkopo ilisikilizwa hapo. Jirani anasema niandikie Benki Kuu, mbona tawi liko hapahapa Mtwara. Na yupo kijana anayeandikia watu nyaraka karibu na mahakama. Anataka laki 4, kesi ifunguliwe kwa jina la mke wangu, adai hakusaini ridhaa. Anasema benki itaanguka asubuhi na mapema.

Mke wangu alisaini, mshauri. Alisaini jikoni, mkono una unga, mbele ya yule afisa, bila kusomewa hata mstari mmoja. Lakini alisaini.

La mwisho ndilo linaloninyima usingizi. Dada yangu amesema, "Ukiandika jina la mwanangu kwenye karatasi ya mahakama, siku nikifa usije kunizika."

Niende wapi? Na je, naweza kwenda bila kumtaja mpwa wangu?

Mjomba, Chuno

MSHAURI ANAJIBU

Mwalimu, shikamoo.

Pole. Na zaidi nakupa pole kwa ile picha iliyorushwa kwenye grupu la mtaa. Mtu akikubandikia deni mlangoni anakuvua nguo, na wewe hata hukula hela yenyewe.

Umeniuliza baraza gani. Barua yako nimeisoma mara tatu, na kila mara naona malalamiko matatu yamefungwa kwenye kanga moja. Lipo la nyumba: benki imefikaje kwenye mnada bila wewe kuonywa? Lipo la hesabu: deni ni kiasi gani hasa? Na lipo la mpwa wako. Washauri wako wote watano wanasema kweli nusu, kwa sababu kila mmoja amechungulia fundo lake. Mlango wa kugonga unafuata kile unachokwenda kukidai. Kwa hiyo naomba tulifungue kwanza fundo la nyumba, ndilo lenye tarehe.

Sheria ya Ardhi ya 1999, Sura ya 113, kifungu cha 127, inamtaka mkopeshaji amtumie mrehani notisi ya maandishi inayoeleza kosa la kutolipa, na impe siku 60 kabla ya kuuza. Zamani zilikuwa 90, zikapunguzwa na sheria ya mikopo ya nyumba ya 2008. Mrehani ni yule aliyeweka ardhi yake. Ndiye wewe, hata kama shilingi moja haikupita mkononi mwako. Siku 14 ulizobandikiwa ni kitu kingine: hizo zinatoka kwenye Sheria ya Madalali, inayotaka mnada wa ardhi utangazwe hadharani kwa muda huo. Wengi wanazichanganya. Benki inaweza kuwa imetimiza 14 na ikawa haikutimiza 60.

Sasa ukienda kulalamikia notisi ya siku 60, unadai haki iliyo ndani ya Sheria ya Ardhi. Na Sheria ya Mahakama za Migogoro ya Ardhi, Sura ya 216, imeziondolea mahakama za mahakimu mamlaka ya kusikiliza madai ya aina hiyo. Mwalimu mwenzako hakukudanganya. Kesi yake, kwa ulivyonieleza kwenye simu, ilikuwa ya mkopo usio na nyumba ndani yake. Yako, ikiandikwa kama kesi ya nyumba, inaelekea Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya. Ukomo wa baraza hilo ni shilingi milioni 300 kwa madai ya kurejeshewa mali isiyohamishika, na milioni 200 kwa madai mengine yanayokadirika kwa fedha. Nyumba ya milioni 90 inaingia na nafasi inabaki. Mahakama Kuu Kanda ya Mtwara iko karibu nawe na ina heshima yake, lakini kanuni ya madai ni kwamba shauri lianzie ngazi ya chini kabisa yenye uwezo wa kulisikiliza.

Hata hivyo mwanao amegusa jambo ambalo nisingependa ulipite. Magomvi ya rehani yana sura mbili, ardhi na biashara, na mawakili wamevutana juu yake miaka mingi. Mahakama huangalia mambo uliyoyaeleza na nafuu unazoomba. Ukiandika kurasa sita za riba, marejesho na taarifa ya mkopo, halafu mstari mmoja wa nyumba, wakili wa benki atainuka na pingamizi la awali: hili ni shauri la mkopo, baraza halina mamlaka. Likikubaliwa, shauri linaondolewa, na zuio la mnada linaondoka nalo. Tena suala la mamlaka haliponi kwa pande mbili kukubaliana, na linaweza kuibuliwa hata kwenye rufaa. Kuna watu wameshinda, wakakaa miaka na ushindi wao, kisha ukafutwa kwa sababu walishindia mahali pasipo pake. Ndiyo maana atakayekuandikia maombi ananitia wasiwasi kuliko jengo utakalopeleka. Mtafute wakili kwa simu leo jioni, usingoje Jumatatu. Ukikwama kwa ada, wapo wasaidizi wa kisheria wanaotambuliwa na Sheria ya Msaada wa Kisheria ya 2017, huduma yao ni bure. Mbele ya baraza la wilaya unaruhusiwa pia kusimama mwenyewe, au kusimamiwa na ndugu.

Mwenyekiti wa mtaa naye anajua anachosema. Tangu mabadiliko ya 2021 baraza la kata halihukumu tena, linasuluhisha tu. Lakini baraza la wilaya halipaswi kusikiliza shauri linalogusa maslahi katika ardhi mpaka kata ithibitishe kuwa usuluhishi umeshindikana, na siku 30 zikipita bila suluhu unaweza kuendelea bila cheti. Wewe una siku 10! Hapo ndipo sheria inapokubana, na mimi sina namna ya kuipanua. Mwulize wakili maswali mawili kabla hata hujakaa: je, mgogoro huu wa rehani unahitaji cheti cha kata, na kama unahitaji, mnada unazuiwaje wakati unakisubiri? Kufungua lalamiko kata hakukugharimu sana, na karatasi yenye muhuri wa kupokelewa inaweza kukufaa. Lakini usirudi nyumbani ukalala ukidhani kata imesimamisha mnada. Kinachousimamisha ni amri ya zuio.

Na zuio halitolewi kwa huruma. Kuna uamuzi wa 1969, Atilio dhidi ya Mbowe, ambao wakili yeyote hapa nchini anaukariri kama wewe ulivyokuwa ukikariri jedwali la kuzidisha. Utatakiwa uonyeshe kwamba pana hoja ya kweli ya kuamuliwa na una dalili ya kushinda, kwamba bila zuio utapata hasara isiyofidika, na kwamba wewe utaumia zaidi kwa kunyimwa kuliko benki kwa kusubiri. La pili ndilo linalowaangusha wengi. Benki itasema nyumba ni fedha, akishinda tutamlipa. Jiandae kueleza kwa nini yako hailipiki hivyo, kwa umri wako na kwa kuwa ndiyo makazi yenu.

Kwenye simu nilikuuliza mkataba wa rehani uliandika anwani gani. Ulinyamaza kidogo, kisha ukasema sanduku la posta la shule uliyostaafia. Mwalimu, hebu tuitazame sentensi yako, "sikupewa notisi yoyote." Inaweza kuwa kweli tupu. Inaweza pia kuwa kweli kwamba bahasha yenye jina lako imelala miezi kadhaa katika ofisi ya mwalimu mkuu, na benki itasema ilituma mahali ulipoelekeza mwenyewe. Kama ipo, wakili anatakiwa ajue kabla hujala kiapo, si siku ambayo wakili wa benki ataitoa mbele ya baraza.

Kuhusu yule kijana wa laki 4. Anachokitumia ni kifungu cha 114 cha Sheria ya Ardhi, kinachotaka ridhaa ya mwenzi nyumba ya ndoa inapowekwa rehani. Ni kifungu kizuri, kimeokoa wake wengi waliouziwa nyumba bila kujua. Lakini yeye anataka mkeo ale kiapo cha uongo, na hilo ni kosa la jinai. Afisa aliyekuwa jikoni kwenu atakuja kutoa ushahidi, saini italinganishwa. Na siku mkeo atakapoonekana mwongo juu ya saini, nani atakuamini wewe juu ya notisi? Lakini kisa chenyewe msikitupe. Alisaini bila kusomewa, nyumbani, hajui anachokiridhia. Amweleze wakili kilivyotokea, hata unga mkononi. Kama ridhaa ya namna hiyo inatosha au haitoshi ni hoja halali ya kubishaniwa. Ila sikuahidi kwamba ni hoja ya ushindi.

Fundo la hesabu lina mlango wake, na hapo jirani yako hakukosea. Iandikie benki, ubaki na nakala iliyogongwa muhuri wa kupokelewa: wewe ni mrehani, unataka kujua salio, riba na tozo zilizoongezwa. Lile jibu la "mkopaji si wewe" ni jepesi mno. Mtu anayetakiwa kukomboa rehani yake ni lazima aambiwe anaikomboa kwa kiasi gani. Wasipokujibu vizuri, Benki Kuu ina dawati la malalamiko ya wateja. Dawati hilo halizuii dalali kugonga nyundo, na shauri likishafunguliwa mahakamani dawati hulikwepa. Kwa hiyo usikimbilie kote kwa siku moja. Mimi ningeuliza kipi kinawaka zaidi, hesabu au paa, ila anayeishi humo ni wewe.

Iko pia njia ambayo hakuna aliyekutajia, labda kwa sababu haina kesi ndani yake. Mpaka mnada ukamilike una haki ya kulipa na kuchukua hati yako. Milioni 36 kwa mkupuo huna, najua. Lakini deni la 36 kwa nyumba ya 90 linakupa nafasi ya kuzungumza: wapange upya marejesho, au wakuruhusu utafute mnunuzi mwenyewe kwa bei ya soko, ulipe, kinachobaki ukajenge padogo. Naandika hivi huku moyo ukiniuma, maana hii ni nyumba ya kiinua mgongo. Ila bei ya mnada mara nyingi ni bei ya chini. Sheria inaitaka benki itafute bei bora inayopatikana, na ikiuza kwa asilimia 25 au zaidi chini ya bei ya soko inachukuliwa kuwa imevunja wajibu huo mpaka ithibitishe vinginevyo. Tatizo ni kwamba wakati huo nyumba imeshakwenda. Mnunuzi wa nia njema analindwa na kifungu cha 135 cha sheria hiyohiyo ya Ardhi, wewe unabaki kuidai benki fidia. Upande wa pili, zuio nalo lina gharama: deni linaweza kuendelea kukua kesi ikiwa imelala, na ukishindwa utalikuta limenenepa.

Na ukoo je? Nyumba yenye hati ni moja, sawa, lakini mikorosho ya Nanyamba haiko kwenye hati na inazaa. Dhamana ilibebwa na mjomba peke yake. Sijui kama deni nalo ni lazima libebwe hivyohivyo.

Sasa dada yako. Unauliza kama unaweza kwenda bila kumtaja mpwa. Lalamiko la notisi linaweza kusimuliwa likimgusa kidogo sana: mimi mrehani, nimeweka nyumba, sikuonywa. Lakini jina lake liko kwenye mkataba wa mkopo, na mkataba ni lazima uambatishwe. Benki yenyewe inaweza kuomba aunganishwe, au baraza likaamuru hivyo. Kumficha kabisa sidhani kama kunawezekana. Ninachojiuliza ni dada anaelewa nini akisikia "karatasi ya mahakama." Huenda anaona pingu. Shauri la namna hii ni la madai: mtu anaitwa mjibu maombi, anaulizwa mkopo ulikwendaje. Hakuna selo. Huenda pia hajaambiwa habari ya kangomba, na anadhani wewe na benki mnamsingizia mtoto. Na inawezekana anaelewa yote, na bado anasema hivyo kwa kuwa ni mama. Sikuahidi kwamba atalegea. Naona tu kwamba mpaka sasa mmezungumza kwa simu, na maneno ya kuzikana hayafai kuishia kwenye simu.

Kesho Jumamosi panda gari la Nanyamba. Chukua lile tangazo la mnada, umsomee dada mwenyewe, taratibu, mpaka kwenye tarehe. Usiache wito wa baraza umfikie kabla yako. Jumatatu asubuhi, kabla ya ofisi ya wakili, pita shuleni umwombe mwalimu mkuu mkague barua pamoja. Mkikuta bahasha ya benki msiichane kwanza. Tazama tarehe ya muhuri wa posta, muulize nani aliipokea na lini, halafu uhesabu siku mpaka Jumatatu ile uliyobandikiwa karatasi mlangoni.